Kamongo Hafungwi Kama Sato

Niseme mapema ili mtu asinisumbue baadaye: mume wangu hakuwa askari. Alikuwa mvuvi. Alivua sato na sangara ziwani pale Jinja, na kosa lake lote duniani lilikuwa kwamba jiko la kambi ya jeshi lilinunua samaki kwake. Serikali ile ya wanajeshi ilipoanguka na wenye bunduki wapya wakaingia mjini, majirani zetu wa Nalufenya wakawakumbuka wale samaki. Wakakumbuka pia kwamba sisi ni Waislamu, na kwamba nyumbani kwetu Kiswahili kiliongewa tangu zama za babu, Kiswahili ambacho wengi walikijua kwa kupigwa nacho makofi na askari barabarani. "Ni mtu wao," wakasema. Siku zile, ukishasemwa hivyo, ndugu zako walianza kutafuta sanda.

Tukakimbilia Mbale kwa shangazi yangu, aliyekaa nyuma ya soko. Kumbe hata huko vijana walikuwa wanapita nyumba kwa nyumba wakiuliza wanaume wageni. Shangazi hakuwa mtu wa kuzunguka maneno. Akamwambia mume wangu mbele yangu, "Mkwe, wewe nakupenda, lakini ukilala hapa tena tutakufa wote." Nilimkasirikia mpaka machozi yakanitoka, kwa sababu alisema kweli.

Basi mume wangu akaingia bwawani. Chini ya Busiu, kwenye barabara ya kwenda Tororo, mto unatanuka na kuwa bwawa kubwa la mafunjo, marefu kumzidi mtu, yamesongamana hata ng'ombe akiingia humuoni. Humo ndimo alimojenga kitanda cha mafunjo juu ya maji. Mimi nikajifanya mchuuzi wa samaki. Nilikuwa nashuka bwawani na kikapu, naacha unga na chumvi nyuma ya kichuguu kimoja kando ya mashamba ya mpunga, na pale pale nakuta samaki amewafunga na kuwazamisha kwenye kidimbwi chini ya majani. Tulikubaliana tusionane, maana wawili huonekana upesi kuliko mmoja. Nikikuta samaki, nilijua mume wangu yu hai. Nisipokuta, nimeshakuwa mjane. Hivyo ndivyo nilivyoishi, na sitaki mtu aniambie eti Mungu humpa kila mtu mzigo anaouweza. Ule sikuuweza.

Kilichonitia hofu zaidi ni kwamba yale hayakuwa maji yake. Mimi ni binti wa mvuvi, ninajua ninachosema. Sato hutaka maji ya kina kifupi, masafi, jua linapofika chini, na pembeni pawe na majani ya kujificha. Sangara hutaka maji mengi yaliyo wazi na yenye hewa. Ukimtoa tu, amekufa. Ningu husubiri mvua apande mtoni kutaga. Furu hukaa kwenye mawe. Wote hao ukiwatia katika maji ya mafunjo watageuka tumbo juu kabla hujamaliza kunywa chai, kwa sababu maji yale ni meusi, yamelala, yana harufu ya majani yaliyooza na hayana hewa ya kuvuta. Humo wanaweza wawili tu, kambare na kamongo, nao huweza kwa sababu hupanda juu kuvuta hewa ya Mungu kama mimi na wewe. Kamongo ndiye kiboko yao. Bwawa likikauka, hujichimbia matopeni akalala humo mpaka mvua irudi. Nilikuwa nikimwombea mume wangu, "Yarabi, mfanye kamongo." Dua ya ajabu, lakini niliiomba.

Ajabu, kwa sababu sisi wanawake wa Busoga, upande wa Jinja, tulilelewa kutomla kamongo. Mama zetu hata kumgusa hawakumgusa. Shangazi aliponiona narudi naye mara ya kwanza alipiga kelele, "Wee! Jikoni kwangu asiingie huyo!" Nikawa namweka uani, namfunika gunia, na asubuhi naenda kumuuza sokoni kwa wanaume na kwa wanawake wa Kigisu wa pale Mbale wasiokuwa na mwiko huo. Sikumzoea. Ana mwili mrefu unaojikunja, na macho madogo yanayokutazama muda mrefu baada ya kutoka majini.

Pale Busiu kulikuwa na kizuizi cha barabarani, gogo lililolazwa juu ya mapipa. Walinzi walikuwa vijana wa huko wenye mapanga, na mmoja mwenye bunduki ambaye wote walimwita afande, ingawa viatu vyake havikulingana. Walinizoea. Nilikuwa nawasalimu kwa Kiswahili kibovu kwa makusudi, nakata maneno, nachanganya na Kisoga, maana Kiswahili changu cha nyumbani kingenipeleka mahali pabaya. Walichungulia kikapu, wakaziba pua, wakaniambia nipite.

Siku moja nikakuta mlinzi mpya. Mtu mzima, mwenye mvi mbili tatu kidevuni, amekaa juu ya gogo anakula mahindi. Nikaweka kikapu chini. Hakuziba pua. Aliingiza mkono, akawainua kamongo wangu wote kwa ile kamba ya ganda la funjo iliyowaunganisha, akawageuza taratibu.

"Nani nafunga hii samaki?" akauliza.

"Mzee mmoja wa bwawani," nikasema.

"Mzee gani?"

"Mimi najua jina lake? Mimi nanunua tu, bwana."

Akatema punje ya hindi. "Mimi zamani nabeba samaki na baiskeli. Natoa Jinja, napeleka Buwenge. Miaka mingi. Hii kamba naijua."

Nikaitazama ile kamba, na wallahi ndipo nilipoiona kwa mara ya kwanza. Ganda la funjo limepitishwa kwenye shavu, limetokea mdomoni, limesokotwa mara moja na ncha yake ikafichwa chini ya shavu la samaki wa pili, midomo yote ikitazama nje ili mnunuzi aone ni wabichi. Hivyo ndivyo sato wanavyofungwa Jinja. Mume wangu alifunga hivyo tangu utotoni. Mikono yake haikujua namna nyingine. Nami nilibeba samaki hao kila siku mbele ya watu nisitambue kitu, kwa sababu nyumbani nimeona hivyo maisha yangu yote.

"Huku kamongo anakatwa kichwa," yule mtu akasema. "Kwanza kichwa, halafu anakunjwa, anafungwa na majani. Kwa sababu anauma. Mtu wa huku hawezi funga kamongo mzima kama sato. Nani nafunga?"

Mwenye bunduki akasogea. Vijana wakaacha mchezo wao wa karata. Hapo hasira ikanijia, na ninaishukuru mpaka leo, kwa sababu hofu peke yake ingenimaliza.

"Mimi!" nikasema. "Mimi mwenyewe nafunga. Mimi mtu ya Busoga, nyinyi nataka mimi nafunga kama nani? Mzee nauza, mimi nafunga. Iko sheria ya kufunga samaki?"

"Wewe mwanamke wa Busoga unashika kamongo?"

"Njaa hapana uliza mwiko, bwana."

Akacheka kidogo. Halafu akafungua fundo. Mmoja wa wale kamongo alikuwa bado mzima kabisa, anapumua kwa mdomo, maana huyu kiumbe hufa anapotaka yeye. Akamtupa miguuni pangu na kunirushia kamba.

"Funga nione."

Sikuwa nimewahi kumshika kamongo. Nilikuwa nikiwabeba kwa kamba, mbali na mwili. Nikachutama. Nikasema bismillahi kimoyomoyo nikamshika shingo, akateleza, nikamshika tena. Watu wote walikuwa wanaitazama mikono yangu. Nikajiambia huyu ni sato. Nikapitisha kamba shavuni, nikaingiza kidole kuitafuta ncha mdomoni, kama nilivyokuwa nikimfanyia baba nikiwa msichana. Sato hana meno ya kukuumiza. Kamongo alifunga taya.

Wee! Nilisikia mfupa ukilia. Sikupiga kelele. Nilijua nikipiga kelele wataona kwamba sijui kitu, na mume wangu atatolewa mafunjoni kwa mapanga kabla jua halijatua. Nikambana kichwa kwa goti mpaka akaachia, nikaivuta kamba, nikaisokota mara moja, nikaificha ncha, damu ikichuruzika juu ya kila kitu. Nikamwinua nikamwekea yule mtu usoni.

"Sasa wewe nafurahi? Au mimi nafunga na wewe?"

Vijana wakaangua kicheko. "Mama mkali!" wakasema. Mwenye bunduki akarudi kivulini. Yule mtu wa baiskeli peke yake hakucheka. Alipokuwa ananirudishia kikapu alisema kwa sauti ndogo, kwa Kisoga safi, kwamba kuna watu wanakuja kutoka Jinja, wanamtafuta mvuvi fulani, na kwamba hao wanaijua kamba hii kuliko yeye. Sikujua kama ananionya au ananitega. Nikasema asante afande, nikaondoka bila kugeuka nyuma.

Kurudi bwawani nisingeweza. Wote walikuwa wananitazama. Nilifika Mbale, shangazi akanifunga kidole na majani na kitambaa, akanikemea huku analia. Nilitaka kupambazuke. Nilitaka kumwambia mume wangu neno dogo tu, kata vichwa, na sikuwa na njia ya kulifikisha.

Asubuhi nikashuka tena na kikapu. Kizuizini hakukuwa na mtu ila kijana mmoja aliyesinzia. Nikapita kama ninayekimbia, nikafika kwenye kichuguu, nikafunua majani.

Samaki walikuwepo. Kamongo watatu, wamekatwa vichwa, wamekunjwa, wamefungwa kwa majani. Kazi ya mtu wa Busiu.

Mtu ataniambia ningefurahi. Ningefurahije? Mimi sikuwa nimemwambia. Asiyeambiwa hawezi kujua. Nikaelewa kwamba aliyewaweka samaki hawa si mume wangu, kwamba wamempata usiku na sasa wananisubiri mimi. Nikakaa chini matopeni. Nikaanza kusoma innalillahi, polepole, sikuweza kuifikisha mwisho. Naona aibu kusema kwamba hata kukimbia sikukumbuka.

"Chumvi umeleta?"

Ilikuwa sauti yake. Akatokea mafunjoni, ndevu zimejaa, amekonda, na nyuma yake mzee mmoja wa Kigisu amebeba mgono wa kunasia samaki, uso umemkunjamana kwa hasira. Nilimrukia mume wangu nikampiga ngumi za kifua mpaka akanishika mikono. Alipoona kidole changu akaanza kukifungua kitambaa.

Mzee ndiye aliyeongea, na hakuongea kwa upole. Kumbe mume wangu, bingwa wa mawimbi ya Jinja, hakuwahi kunasa kamongo hata mmoja. Alikuwa anaiba migononi mwa mzee! Mzee alikuwa amejificha usiku ule kumsubiri mwizi, akamkamata. "Ananiibia samaki," akaniambia, akinyooshea kidole kama anamshitaki mtoto kwa mama yake, "halafu anawafunga kama sato! Watu wakiona watasema mimi mzee nimeharibika akili!" Alikuwa amemnyang'anya kisu na kukata vichwa mwenyewe. Habari za jeshi na za nani mtu wa nani hakuziuliza kabisa. Alichotaka ni mume wangu amsaidie kubeba migono, kwa sababu mgongo ulimsumbua.

Wale watu wa Jinja walikuja kweli, wakanisimamisha kizuizini. Wawili kati yao nilizijua sura zao, tulichota maji bomba moja. Niliinamisha kichwa, nikavuta mtandio. Walimwaga kikapu changu barabarani, wakawageuza samaki kwa miguu, wakatafuta kamba na hawakuiona. Yule mtu wa baiskeli alisimama pembeni na hindi lake. Aliona vichwa vimekatwa. Akasema, "Huyu mama wa siku zote, aende," nikaokota samaki wangu mmoja mmoja mavumbini.

Tulirudi Jinja mambo yalipotulia, baada ya muda mrefu. Kwanza watu hawakutaka samaki wa pale mto unapotoka ziwani, kwa sababu ya miili iliyotupwa humo miaka ile, na sikuwalaumu. Halafu hamu ya samaki ikarudi, soko likarudi. Sangara walikuwa wameongezeka, furu wamepungua, maana sangara hula kila kilicho kidogo kuliko yeye. Mume wangu akapata mtumbwi tena, akarudi kwenye maji yake ya wazi.

Lakini alikata vichwa. Kila sato aliyevua alimkata kichwa mtumbwini kabla hajafika nchi kavu, akamkunja, akamfunga kwa majani. Jinja nzima hakuna anayenunua sato asiye na kichwa. Kichwa ndicho utamu wenyewe, ndicho anachopewa mgeni, na ndicho chenye macho yanayoonyesha kama samaki ni mbichi. Wenzake walimcheka. Mara moja niliamka usiku nikamkuta usingizini mkono unakata hewa. Sikumwambia aache. Nilikaa sokoni na samaki wangu waliofungwa vibaya, na wanawake wakasimama, wakatazama, wakauliza mume wangu ana wazimu gani.

"Nunua au pita," nilikuwa nawaambia. Vichwa vya sato wa ziwa zima na vikatwe, mradi anayekata ni yeye.