Ushuhuda Juu ya Wimbo wa Mburu

Fundi wa makochi huanza kuzeeka vidoleni. Gachau, mwenye miaka sitini na sita na kibanda cha mabati pale Kimbo, Ruiru, hakuweza tena kukikunja kidole cha kati cha mkono wa kushoto. Wateja walidhani ni kazi ya sindano na misumari. Yeye alijua kidole hicho kiliharibika mapema zaidi, enzi zile alipopiga gita la besi katika Bendi ya Ndarugu.

Wenye umri wake waliikumbuka bendi hiyo. Ilichukua nyimbo za kale za Wagĩkũyũ, zile za densi ya mwomboko zilizopigwa kwa kodiani na duara la chuma, ikazitia magita ya umeme na ngoma nzito. Wazee walilalamika, vijana wakacheza. Kati ya mwaka wa sabini na nane na mwaka wa elfu mbili na sita, bendi ilitoa santuri na kaseti, ikapoteza wanamuziki na kupata wengine, kisha ikafa bila matanga. Gachau aliiacha njiani, mwaka wa tisini na tatu, alipookoka. Tangu siku hiyo hakugusa gita.

Jumatatu moja alikuwa akivua kitambaa kwenye kochi lenye harufu ya paka alipotokea mwanamke aliyevaa koti la duka la dawa.

"Anko Gachau, bado unararua viti vya watu?"

"Nararua nikishona. Wewe ni nani, mama?"

"Haiya! Hunijui? Ciku. Ciku wa Mburu."

Gachau aliweka koleo chini. Alimwona mara ya mwisho akiwa msichana wa shule, na sasa alikuwa mtu mzima wa miaka thelathini na mitano, mwenye duka la dawa kule Thika na paji la uso la baba yake. Mburu, baba yake, ndiye aliyeanzisha bendi. Mchana aliendesha trekta kwenye shamba la kahawa, jioni akatunga nyimbo. Alikufa kwa homa ya mapafu mwaka wa tisini na moja, Ciku akiwa na miaka miwili.

Ciku aliketi kwenye fremu ya kochi lisilo na mto, akaeleza kilichomleta. Alikuwa anatengeneza albamu moja ya maisha yote ya bendi, kutoka santuri ya kwanza hadi kaseti ya mwisho. Alizunguka miaka miwili akiomba santuri kwa watu, Gatundu, Murang'a, hata kwa mama mmoja wa Limuru aliyekuwa akifunikia sufuria santuri moja. Alikuwa na nyimbo ishirini na moja.

"Za wakati wake zote baba anapiga gita," alisema. "Hakuna hata moja anaimba. Mama aliniambia aliimba wimbo mmoja tu, wa kwangu, nikiwa mtoto mchanga. Uko kwa ile kaseti yako."

Gachau aliokota uzi chini, akaanza kuuviringa.

Bendi ilikuwa na desturi yake. Wimbo mpya haukwenda studio Nairobi kabla ya kurekodiwa kwanza kwenye mazoezi, mara moja, katika kaseti moja, ili usipotee watu wakilewa. Kaseti zote alizitunza Gachau, kwa sababu ndiye pekee asiyekunywa. Wimbo wa Mburu haukuwahi kwenda studio. Mwimbaji mwenyewe aliuonea haya.

"Si nilimwambia mama yako?" Gachau alisema. "Mvua za El Niño. Maji yaliingia nyumbani."

"Aliniambia. Ndiyo nimekuja." Ciku alimsogelea. "Kuna kijana pale Thika, Tahir, ana studio. Anakausha kaseti, anaiunga, anaitoa sauti hata kama imeoza nusu. Nipe ilivyo, anko. Hata ikiwa na matope."

"Nitaitafuta."

"Nitangoja. Hata ni neno moja akisema, nitashukuru. Sijui sauti yake. Unajua hiyo ni nini, mtu kukuambia unacheka kama babako na wewe hujui alicheka aje?"

Maji ya El Niño hayakuwahi kuingia nyumbani kwa Gachau. Kaseti ilikuwa kavu, ndani ya sanduku la bati chini ya kitanda, pamoja na cheti chake cha ubatizo. Miezi mitatu baada ya kuokoka alipangiwa kutoa ushuhuda mbele ya kanisa zima, na mzee mmoja wa kanisa akamwambia alete kaseti ili arekodiwe. Mshahara ulikuwa haujatoka. Alikuwa na kaseti za bendi, nazo zilikuwa nyimbo za dunia, mzigo aliotaka kuutua. Vile vitundu viwili vya juu ya kaseti, ambavyo Mburu alivitoboa ili mtu asiweze kurekodi juu ya wimbo, Gachau alivijaza karatasi iliyotafunwa. Akabonyeza kitufe chekundu. Aliona ni sadaka. Wengine waliookoka miaka ile walichoma hata suruali zao za kuchezea.

Lakini si kufuta tu kulikomuuma. Alikumbuka kwamba siku ile, akiwa amepandwa na joto la umati, alimtaja Mburu. Alisema nini hasa, hakukumbuka vizuri. Alikumbuka watu wakicheka.

Mkewe, Idah, alimwona akilivuta sanduku.

"Mwambie ilitupwa. Nani atakuja kuangalia chini ya kitanda?"

"Nilishadanganya mamake."

"Basi umezoea."

"Nimechoka, Idah. Uongo una kazi ya kulishwa kila siku. Huu nimeulisha tangu watoto wakiwa shule."

"Wewe ni shemasi. Watakusikia kanisani."

"Watanisikia nikishuhudia," alisema, wala hakucheka.

Alhamisi saa nne asubuhi alipanda ngazi za jengo moja mjini Thika, akipumzika kila orofa. Studio ilikuwa chumba chenye magunia ya manyoya ukutani ya kuzuia mwangwi na redio kubwa za zamani zilizofunguliwa matumbo. Tahir, kijana mwembamba wa Majengo, alimpa kiti cha plastiki.

"Karibu, mzee. Wewe ndiye besi? Aisee, ile besi yako imenitesa. Inataka kupasua spika."

"Ilikuwa kazi yake."

Ciku alipokea kaseti kwa mikono miwili. Aliigeuza, akaona ilivyo safi, akaona na karatasi iliyokauka vitunduni. Alimtazama Gachau.

"Hii haijaloa."

"Haikuloa kamwe. Nilirekodi juu yake. Ushuhuda wangu, mwaka wa tisini na tatu. Upande wote. Wimbo wa babako haupo, Ciku. Niliufuta mimi, na mamako nikamdanganya."

Nje fundi wa viatu alikuwa akigonga soli. Ciku alimpa Tahir kaseti.

"Tahir, huwezi kutoa ya chini?" aliuliza.

"Ya chini hakuna, sister. Ikirekodiwa juu, imeenda. Pole."

"Icheze tu."

"Ciku," Gachau alisema, "nilisema maneno mabaya kumhusu."

"Icheze."

Sauti iliyotoka ilikuwa ya mwanamume wa miaka thelathini na mitano, aliyekula chakula cha kutosha. Alisema kwa Kigĩkũyũ, haraka, na umati ukamjibu amina. Alieleza safari za bendi, baa za Ruiru, wanawake. Gachau alitazama sakafu. Kisha ile sauti ikasema: "Mburu mnamjua. Sasa yuko wapi? Nyie mmeimba nyimbo zake. Sikieni aliyomwimbia mtoto wake, na mniambie kama huyo alikuwa mzazi!"

Ndipo akaanza kusema maneno ya wimbo, polepole, kwa kejeli, kama mtu anayesoma barua aliyoiokota:

*Nikirudi na udongo mwekundu miguuni,*
*usiniletee maji, niletee mtoto.*
*Nikilala nimemshika, usimtoe.*
*Trekta imenitikisa siku nzima,*
*acha sasa nitikiswe na pumzi yake.*

"Hataki maji!" ilipaza ile sauti. "Kwa nini? Kwa sababu hawezi kuinama aoshe miguu! Pombe imemweka chini!" Na kanisa lote likaangua kicheko, wanawake, wanaume, watoto, kicheko kirefu cha watu wenye raha.

Tahir alinyoosha mkono kuzima. Ciku akamzuia. "Rudisha."

Tahir aliyarudisha maneno, tena na tena. Mara ya tatu midomo ya Ciku ilikuwa ikitembea pamoja na maneno, na kila kicheko kilipofika alifumba macho, akakiacha kipite, akasubiri mwanzo tena.

"Alikuwa amelewa?" aliuliza bila kumgeukia Gachau.

"Hapana. Wimbo ule aliutunga wakati wa mavuno ya kahawa. Alikuwa anatoka nyumbani saa kumi alfajiri. Mazoezini alikuwa analala ameegemea spika." Gachau aliendelea. "Alikuwa amechoka tu. Mimi nilijua. Niliyasema ya pombe kwa sababu watu walikuwa wananisikiliza."

"Na mimi ndiye huyo mtoto."

"Ni wewe."

Ciku alijipangusa uso kwa mkono wa koti. Kisha akamwambia Tahir, "Hii itaingia. Namba ishirini na mbili."

"Ushuhuda? Kwa albamu ya bendi?"

"Ni bendi yote, ama sio? Haya maneno hayako mahali pengine."

"Basi nikate kile kicheko. Nibakishe maneno peke yake, yako sawa, yanasikika."

Ciku alifikiri. "Sauti si yangu. Muulize mwenyewe."

Wote wawili wakamtazama mzee. Gachau alifikiria viti vya mbele kanisani Kimbo, mhubiri kijana aliyempenda, wajukuu wenye simu zinazocheza kila kitu. Alifikiria jinsi maneno yale yangesikika bila kicheko: angeonekana rafiki mwema aliyekumbuka wimbo wa marehemu. Ingekuwa rahisi sana. Pengine hata angepongezwa.

"Usikate kitu," alisema. "Na jina langu uandike lote."

"Niandike ulipiga nini?" Tahir aliuliza. "Hapa hupigi besi."

"Andika maneno ni ya Mburu," Ciku alisema. "Yamesemwa na Gachau."

Tahir aliandika. Ciku alichukua mkoba wake, akafika mlangoni, akasimama akiwa amempa Gachau mgongo.

"Anko. Huo wimbo, aliuimba kwa sauti nene ama nyembamba?"

"Nyembamba," Gachau alisema. "Ya kuona haya. Ilikuwa inakatika kwa ule mstari wa trekta."

Ciku aliitikia kwa kichwa, akatoka. Viatu vyake vilisikika vikishuka orofa zote nne bila kupumzika.