Mchoro wa Muzaliwa

Hakuna aliyemlazimisha Muzaliwa kuchora ule mchoro. Ni mwandiko mzuri uliomponza, mwandiko wa shule ya misheni Kasongo, aliokuja nao kwenye machimbo ya dhahabu ya Salamabila kuwa fundi wa miti, yule anayesimika magogo shimoni ili udongo usiwafukie wachimbaji.

Zamani kazi ilikuwa fujo, lakini fujo yenye akili. Fundi wa miti akisikia gogo linalia, anapiga kelele "Tokeni!" na wote wanatoka, hata mwenye shimo, PDG kama wanavyomwita. Hakuna aliyeuliza ruhusa imetoka kwa nani. Halafu ikaja semina ya kuunda kooperativu, yaani ushirika wa wachimbaji: vyeo, nani yuko juu ya nani, nani anapeleka habari kwa nani. Muzaliwa akachora kwa rula. PDG juu, kapita, yaani msimamizi wa kazi, chini yake, fundi wa miti chini ya kapita, na chini kabisa kisanduku kimoja cha wachimbaji wote, bila majina. Amri ya kusimamisha kazi akaiandika kwenye kisanduku cha PDG. Karatasi ikabandikwa ukutani, naye akajiona mtu.

Alhamisi moja asubuhi, baada ya mvua kubwa, gogo lilipasuka mbele ya macho yake. Ndani walikuwa watu sita, akiwemo Aganze, mdogo wake. Muzaliwa akapanda mbio hadi mdomo wa shimo, akavuta pumzi apige kelele, kisha akaikumbuka ile karatasi. Akamkimbilia kapita Octave.

"Simamisha kazi, Octave! Muti imepasuka."

"Mimi? Amri iko kwa PDG, na PDG iko Kasongo. Tupande kilima tutafute rezo ya simu."

Upuuzi mtupu! Lakini walipanda. PDG alipokea simu mara ya nne, akataka kwanza kuongea na kapita, maana ndivyo ilivyoandikwa. Octave alikuwa bado anamsalimia waliposikia mshindo wa shimo likiwafukia wote sita.

Kamati ya kooperativu iliandika kwamba utaratibu ulifuatwa vizuri. Matangani, Jeanine, mke wa Aganze, aliuliza swali moja tu.

"Shemeji, ulifika kwenye mulango ya shimo?"

"Nilifika."

"Na sauti ulikuwa nayo?"

Muzaliwa alilia mbele ya watu wote.

Mchoro haukuhitaji kubadilishwa. Kisanduku cha chini hakikuwa na jina la kufuta. Juma lililofuata waliingia watu wengine sita, na Muzaliwa ndiye aliyewasimikia miti.