Koti Linalopasuka Mgongoni

Kila mwezi karani wa vyeti vya vifo humletea fundi cherehani Assumani koti lake la abakosti, lilelile, limepasuka mgongoni kutoka ndani. Karani huyo akiingia sokoni Kamina mbwa wote hulala chini, hata wale wa wanajeshi wa baze, kambi ya jeshi, waliozoea kumbwekea kila raia. Kucha zake ni safi, na kabla ya kufunua karatasi hulamba kidole taratibu mno. Akina mama wa mihogo hunong'ona kwamba hugeuka simba. Assumani hucheka: serikali ilituamuru tuitane citoyen, yaani raia, na turudie desturi za mababu, basi huyu kapitiliza mpaka nyuma yao! Lakini leo hacheki. Mdogo wake Sudi aliondoka Kabongo na baiskeli kuja Kamina siku nne zilizopita, na hajafika.

"Citoyen karani, haukumuona mudogo yangu mu njia?" anauliza, huku akichomoa majani makavu kwenye mshono.

"Minyi? Minyi niko muntu ya biro, kazi yangu ni makaratasi tu."

Karani anapapasa mfukoni, anaweka juu ya cherehani kifungo cheupe ambacho bado kimeshika kipande cha shati. "Ya pa shingo ilianguka. Utie hii."

Uzi wake ni mwekundu, umefungwa fundo la pembeni. Kamina nzima ni Assumani peke yake anayefunga hivyo, na shati la Sudi alilishona yeye. Anaweka kando uzi wa pamba, anachukua nailoni isiyokatika ya nyavu za wavuvi wa Mulongo, na kushona mgongo mara tatu, kisha shingo.

"Hii haitapasuka tena, citoyen," anasema. "Hata ukifanya nini."