Talaka ya Kwenye Sinema

Mume wangu alikuwa mtu wa sinema kabla wengi hapa Mafia hawajaiona. Alianza kwa kutunga vichekesho vya harusi huko Kirongwe, kisha kampuni moja ya Wazungu huko Dar es Salaam ikamchukua atunge hadithi za filamu na kuzicheza mwenyewe. Enzi hizo za Mwingereza, Mswahili kuonekana kwenye sinema lilikuwa jambo kubwa, naye kichwa kilimvimba. Nilimpenda hivyo hivyo.

Filamu moja ilitaka mke. Kila mwanamke aliyeombwa alikataa kusimama na mume wa mtu mbele ya kamera, na mume wangu naye hakutaka kumshika mkono mwanamke asiye wake. Akasema nicheze mimi, mkewe wa halali. Tukajiona wajanja, tumeikwepa haramu. Katika hadithi yeye alikuwa mlevi, akanipa talaka tatu mlangoni. Alizitamka vizuri mno.

Filamu ilipoletwa Kilindoni, tumbo langu la mimba lilikuwa limeshaonekana. Watu walicheka mpaka tulipofika pale mlangoni, hapo wakaanza kunong'onezana. Kesho yake mama yangu akaja kutoka Kiegeani, hata maji hakutaka.

"Talaka haina mzaha, mwanangu. Kakutazama wewe, mkewe, katamka. Humu ndani sasa unaishi na nani?"

Tukaenda kwa maalimu aliyetuozesha. Niliogopa njia nzima, maana talaka tatu hazina kurejeana mpaka mke aolewe kwanza na mume mwingine, waachane. Wanaume walijaa barazani. Mimi nikakaa nyuma ya pazia la mlango. Maalimu akamgeukia mume wangu kwa huruma.

"Mwanangu, anayesimulia maneno ya mwenziwe hajaacha mke. Maneno yale aliyatunga nani?"

Nikashusha pumzi. Aseme tu ni ya Mzungu wa kampuni, twende zetu nyumbani. Nusu ya wale waliokaa pale walikuwa wakimsema siku zote kwamba hadithi si zake, yeye ni kasuku wa Wazungu. Hilo lilimuuma, nami sikujua lilimuuma kiasi gani.

"Nimeyatunga mimi, Maalim," akasema. "Yote, neno kwa neno."

Talaka ikapita. Wapo wanaomsifu hadi leo kwamba alimwogopa Mungu, akasema kweli. Hasira hunipanda nikiwasikia. Mimi nilimwona alivyoinua kidevu akawatazama wale wanaume mmoja mmoja, na upande wa pazia hakugeuka.