Jumamosi Mpira Uliposimama Wusi

Redio yetu ya michezo hapa Voi haikuzaliwa kwa mapenzi ya michezo. Ilizaliwa kwa ubishi. Zamani, timu ya milimani ikicheza na timu ya Taveta mwishoni mwa wiki, Jumatatu ungekuta sokoni matokeo mawili ya mechi moja. Wa milimani wameshinda kwa simulizi yao, wa Taveta wameshinda kwa yao, na wauza nyanya hawasikiki kwa kelele. Mwenye duka la vifaa vya ujenzi lililo karibu na soko akachoka. Akaomba masafa, akatafuta fundi, akafungua studio juu ya duka lake, kuta zikazibwa kwa magodoro ili ngurumo za malori ya barabara kuu zisiingie. Hadi leo mgeni wetu lazima apite katikati ya ndoo za rangi na mabati ndipo afike hewani.

Mimi ndiye ninayepanga vipindi, na nasema bila haya kwamba kazi yangu naijua. Alfajiri tunawaambia wakimbiaji na watoto wa shule ndovu wameonekana upande gani, maana hapa huvai raba ukatoka tu. Mchana ni voliboli na netiboli za shule. Jioni ni saa ya ubishi, ambapo watu hupiga simu kumtukana refa kwa heshima. Jumamosi alasiri ndiyo roho ya redio: mechi ya mashinani, moja kwa moja kutoka uwanjani, kwa simu ya mkononi.

Mtangazaji wetu wa Wusi ni mwalimu mstaafu, mama aliyefundisha michezo huko milimani hadi akachoka yeye, si watoto. Uwanja wao umeinama, kwa hivyo yeye hatangazi kushoto wala kulia. Anatangaza juu na chini. Bao la kupanda hulisifu mpaka sauti inakwama. Bao la kuteremka hulitaja tu, kama mtu anayetaja bei ya chumvi. Mwanzoni watu wa Mahoo, kule Taveta, ambao mashamba yao ni tambarare, walipiga simu kuuliza kama huyo mama anatangaza mpira au anaelekeza mtu njia. Sikumbadilisha hata neno. Siku hizi wao wenyewe wakisikia bao huuliza kwanza kama lilikuwa la kupanda.

Msimu uliopita mwenye redio akapanda ngazi na habari. Stesheni moja ya Nairobi ilitaka kutupa mpira wa Ulaya kila Jumamosi, tuupokee na kuurusha, bila jasho.

"Madam," akaniambia, "hii mpira ya mashinani nani anaskia? Hao wanatuletea kila kitu, hadi matangazo. Sisi ni kuwasha tu."

Nikamwambia, "Mzee, kaa hapa studio Jumamosi moja, usikilize mwanzo hadi mwisho. Ukitoka uamue, na mimi sitakubishia."

Akakubali. Kipindi kile nilikijenga mwenyewe, mechi kwa mechi, na kama kingeondoka, Jumamosi yangu ingekuwa ya kubonyeza swichi tu. Lakini sikulala na wasiwasi. Niliichagua mechi ya Wusi na Mahoo makusudi, kwa sababu nilijua ina utamu wake.

Kipindi cha kwanza mzee alisahau kwamba amekuja kutupima. Alipiga meza, akamlaumu kipa ambaye hakuwahi kumwona. Nikatabasamu pembeni. Kipindi cha pili Mahoo walikuwa wakipanda, wanabanwa, na mama mtangazaji alikuwa akieleza mpira uliotoka nje, ghafla akakatiza.

"Tumesimama," akasema kwa sauti ya chini. "Kuna mama anapelekwa kuzikwa. Wanapita hapa chini ya uwanja."

Kisha kimya.

Kwetu milimani mazishi mengi ni Jumamosi, mechi nazo ni Jumamosi, na njia ni ile moja. Jeneza likipita, mpira unawekwa chini. Refa hata hapulizi filimbi. Kila mchezaji husimama pale pale alipo, hata kama amebaki peke yake na kipa, na mashabiki huvua kofia mpaka wa mwisho katika msafara apite. Nilikua nikiliona hilo, na kwangu lilikuwa jambo la kawaida kama kufunga mlango. Lakini sisi wa redio tunaogopa kimya kuliko nyoka. Msikilizaji akikosa sauti hudhani umezimika, na mkono wake unaenda kwa stesheni nyingine.

Fundi mitambo akanyoosha kidole kuelekea kitufe cha wimbo.

"Imekatika," mzee akasema. "Weka muziki."

"Haijakatika," nikasema, nikafunika vitufe kwa kiganja changu.

"Madam, watu wanatoroka."

"Hawaendi popote, mzee. Tega sikio."

Kiganja sikukiondoa. Halafu ndani ya simu, mbali kwanza, ukaja wimbo wa kanisani, sauti za wanawake wanaopanda mlima wakiimba. Tukasikia miguu kwenye kokoto. Mtu akakohoa. Wimbo ukakaribia, ukatupita, ukaenda zake, na mle studio hakuna aliyemwangalia mwenzake.

"Wamepita," mama akasema. "Mungu awe naye. Mpira ni wa Mahoo, wanarusha."

Mechi ikaendelea. Mahoo wakapata bao la kupanda, na yule mama, ingawa ni wa Wusi damu na mifupa, akalisifu inavyostahili.

Tulipofungua simu, wa kwanza alikuwa mkulima wa Chala, huko huko Taveta. Hakugusia matokeo. Alisema alikuwa akimwagilia ndizi, akasikia ule wimbo, akasimama, na watu wa shamba la jirani walipomwona wakasimama pia. Aliuliza tu marehemu ni wa ukoo gani. Waliomfuata waliuliza hilo hilo.

Simu zilipoisha, mzee akavuta kiti karibu nami. Alikuja Voi kutoka bara akiwa kijana. Watoto wake wamezaliwa hapa, mabati yake yamefunika nusu ya mji. Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe, na yeye jembe lake limelika mpaka mpini. Bado wapo wanaomwita mtu wa kuja.

"Na mimi nikifa hapa," akaniuliza, "watasimamisha mpira?"

Hakuwa akitania. Nilimwonea huruma, lakini huruma haikunifumba mdomo.

"Itategemea, mzee," nikamwambia, "kama utakuwa umetuachia mpira wa kusimamisha."

Kisha akashuka ngazi taratibu, na kupitia mlango aliouacha wazi nikamsikia akimwambia karani wake awapigie watu wa Nairobi, awaambie redio yake Jumamosi ina kazi.