Mbuzi Aliyepandisha Bendera

Kila nipitapo mlango wa saluni na kusikia harufu ya dawa ya kufutia rangi ya kucha, narudi kwenye chumba cha nyuma cha misheni, Butembo. Harufu kali kama ile ilitoka kwenye gundi ya yaya Masika, dada yangu mkubwa, aliyefundishwa na padiri kukata na kuunganisha filamu.

Tuliyoipenda kuliko zote ni filamu ya sikukuu ya uhuru, aliyoipiga padiri mwenyewe. Baba, karani wa serikali, alionekana na tai yake akipandisha bendera. Kwetu ilikuwa desturi: kila aliyetokea kwenye kitambaa cha kuonyeshea, ukumbi mzima wa misheni ulimwita kwa jina. Kwa baba, sauti yangu ilizidi zote.

Kisha waasi wakaingia mjini wakisaka makarani. Baba akavaa shati lililochanika, akajifanya mkulima wa kijiji cha Vuhovi. Mchana mmoja mkubwa wao akaamuru watu wote waingie ukumbini, aione hiyo filamu ya uhuru na kumtambua karani ndani yake. Madirisha yakazibwa kwa mablanketi, yaya akawasha mashine. Baba alikaa kwenye benchi letu, jembe katikati ya magoti.

“Kambale, leo hapana ita mutu,” mama akaninong'oneza.

Bendera ikaonekana, bado iko chini. Niliziba mdomo kwa mikono miwili, lakini nyuma yangu nilisikia watu wakivuta pumzi, kama walivyozoea kabla ya kuita. Badala ya baba akatokea mbuzi, anatafuna maua ya sherehe. Kisha bendera ikawa juu.

“Mbuzi ya Kasereka!” mtu akapaza sauti. Ukumbi ukaangua kicheko. Benchi letu likatikisika; nikafurahi kwamba hata baba anacheka.

“Lakini, ni mbuzi ndiye alipandisha bendera?” mkubwa wa waasi akauliza, anafuta machozi.

“Filme imezeeka, commandant,” yaya akajibu. “Inaruka-ruka.”

“Basi ndiye karani wenu! Mumulete huyo mbuzi!”

Baba akasalimika, miaka ikapita. Yaya akawa mkataji wa filamu huko Ufaransa. Jina lake lilipita mwishoni mwa filamu, watu wakiwa wameshasimama kutafuta makoti. Mimi, mzururaji, nilifika siku moja kwenye chumba chake cha kazi, nikamwambia yule mbuzi alikuwa bahati yetu.

“Bahati gani, we mujinga? Mbuzi alikuwa mwanzo wa filme. Nilimuhamisha. Filme niliweza kuikata. Midomo yenu, hapana.”

Kumbe aliweka kicheko pale ambapo jina la baba lilikuwa linakuja. Na ndipo nilipoelewa pia kwamba baba hakucheka siku ile. Alikuwa anatetemeka.