Ree ya Boksi la Chai

Kila nikifungua boksi la majani ya chai, ile harufu hunirudisha kwetu Temeke, kibarazani, tukicheza karata. Chai yenyewe siku hizi haina ladha, lakini hayo tuyaache. Ree ya kopa ilipotea, basi dada akakata boksi la chai akachora nyingine. Mgongo wa karata hiyo ulikuwa mwekundu, tofauti na nyingine, kwa hiyo wote tulijua iko kwa nani.

Siku hiyo shangazi alikuja kuchukua mtoto mmoja akakae naye Msasani. Mama hakutaka kuchagua, akatuachia wenyewe, mie na dada. Tukacheza, atakayefungwa ndiye aende. Mie nikatupa mbili ya kopa, nikabaki na karata moja. Mbili inamwokotesha mwenzako karata mbili, ila ree inaifuta. Na ree ile nyekundu dada alikuwa ameishika.

"Haya, futa," nikamwambia.

"Nifute na nini, wewe? Cheza." Akaokota mbili. Nikamaliza.

"Nani basi?" shangazi akauliza.

"Mie, shangazi," dada akajibu. "Huyu anakojoa kitandani, atakutia aibu."

Shangazi akacheka. Tulikuwa tunalala kitanda kimoja, na dada alijua vizuri kuwa nilishaacha.